Dakika Ishirini za Mwisho

Siku za filamu za zamani, jiko halikuwashwa nyumbani kwa akina Castagnac. Mikanda ya kabla ya vita hushika moto haraka kama petroli, kwa hiyo Lucette alifunga gesi tangu asubuhi, akatandika shuka safi juu ya meza ya jikoni, na chakula cha mchana kikawa mkate, jibini na soseji baridi. Binti yao Sabine, aliyekuwa na umri wa miaka thelathini na moja na kazi ya kuuza stempu posta, alikula amesimama, maana viti viwili vilikuwa vimekaliwa na makopo ya filamu.

"Wenzetu wanafuga mbwa," alisema. "Sisi tunafuga makopo."

"Mbwa anabweka," mama yake alimjibu bila kuinua macho. "Hebu nisogezee hiyo brashi."

Ilikuwa Machi 1972, ghorofa ya nne, mtaa wa Belleville, Paris. Fernand Castagnac alikuwa na miaka sitini na mitano, koti lenye viraka vya ngozi viwikoni, na jina ambalo watu wa sinema walilitaja kwa sauti ya chini kidogo. Kwa miaka arobaini alikuwa mhakiki wa filamu. Kwa miaka thelathini kati ya hiyo alikuwa pia mwokotaji. Alipanda treni na sanduku tupu kwenda popote palipokuwa na sinema iliyofungwa au mjane asiyejua afanyeje na mizigo ya marehemu, akarudi sanduku limejaa. Filamu ngapi zilizokuwa zimehesabiwa kuwa zimekufa zilifufuka juu ya meza ile ya jikoni, hakuna aliyejua kamili. Wakurugenzi wenye majina makubwa walisimama alipoingia ukumbini. Vyama vya sinema vya wafanyakazi, vya walimu, vya wanafunzi, viliazima mikanda kwake bila kulipa senti, naye alikwenda mwenyewe kuwaelezea, akalala kwenye makochi yao.

Kuunga mikanda iliyokatika ilikuwa kazi ya Lucette. Zamani alikuwa mtengeneza kofia, na vidole vyake vilijua kushika kitu kisivunjike. Hakuna gazeti lililowahi kumtaja.

Makopo sita ya siku ile yalitoka Creuse, kwa mjane wa bwana aliyekuwa akizunguka vijijini na mashine ya sinema. Zilikuwa zimebaki siku mbili yauzwe kwa mtu anayechemsha filamu ili apate madini ya fedha. Hayakuwa na jina. Lucette alifungua la kwanza, akavuta kipande cha mkanda, akakiinua dirishani kwenye mwanga, akasoma maandishi ya mwanzo.

"Fernand. Njoo uone. Ni ya yule mwanamke."

"Mwanamke yupi?"

"Vallon. Wa makala yako."

Fernand aliweka glasi chini. Hapakuwa na haja ya kuuliza makala ipi. *Jumamosi ya Washonaji*, filamu pekee ya Edmée Vallon, binti wa mshona glavu wa Millau, ilitoka mwaka 1938 ikakaa sinema siku nne. Mtayarishaji aliyeyusha nakala zote. Kilichobaki ni hakiki ya Fernand, mistari thelathini iliyomfanya awe Castagnac. Wanafunzi waliijua kwa moyo, hasa pale mwishoni: "Bi Vallon amewaketisha wanawake ishirini uani na kuwasahau. Filamu hii haina mwisho, imekatika tu, kama uzi mkononi mwa fundi mbaya. Tunamwomba arudi kwenye kastabini ya kidole chake cha kushonea, kamera aiachie wenye la kusema."

Siku tatu Lucette alisafisha na kuunga. Siku ya nne Fernand alikaa mbele ya kioo kidogo cha kutazamia, akazungusha mkono wa chuma taratibu. Sehemu ya kwanza hadi ya nne alikuwa akiongea peke yake kama kawaida yake. "Ndiyo, huyu mwenye skafu, nakumbuka. Ndiyo, uani." Ilipofika ya tano akanyamaza. Ya sita ilipokwisha akairudisha nyuma, akaitazama tena. Kisha akaweka mikono magotini, akakaa.

"Imeharibika?" Lucette aliuliza.

"Haijaharibika."

"Sasa mbona umekaa hivyo?"

"Sikuwahi kuiona hii."

"Kuiona nini?"

"Ya tano na ya sita."

Lucette alicheka kidogo. "Acha mzaha. Si uliandika?"

"Niliandika."

Sabine, aliyekuwa akipiga chapa chumba cha pili, aliacha kupiga.

"Ilikuwa Alhamisi," Fernand alisema. "Onyesho la waandishi, saa nane mchana. Tarehe kumi na saba Novemba. Sehemu ya nne ni ndefu, wanawake wanasubiri tu mshahara uani. Nikatazama saa. Nikatoka."

Lucette alikuwa ameshika brashi ya gundi. Tarehe ile aliijua. Kila mwaka, kwa miaka thelathini na mitatu, Fernand alimnunulia njugu za kuchoma tarehe ile ile, kwa sababu siku hiyo Lucette aliteremka kutoka treni ya Limoges na begi moja, akamkuta kijana anamsubiri na njugu za moto ndani ya karatasi. Hadithi hiyo Sabine aliisikia kabla hajajua kusoma.

"Ulikuwa na haraka ya kuja kunipokea," Lucette alisema.

"Treni yako ilichelewa dakika arobaini."

"Kwa hiyo ulikuwa na muda."

"Nilikuwa na muda," Fernand alisema. "Nilisimama tu pale nje, nikaiandika ile makala kichwani. Nilipokuona ukishuka ilikuwa imeshakwisha."

Lucette aliifunga chupa ya gundi kwa uangalifu, akaenda kufungua dirisha.

*

Mambo hayo yangeweza kufukiwa. Sabine ndiye aliyekuwa wa kwanza kulisema hilo, na alilisema kwa sababu alikuwa na hesabu zake. Mhakiki halipwi pensheni. Baba yake alilipwa kwa makala, na magazeti mawili kati ya matatu aliyoyaandikia yalikuwa yamekufa. Bima ya hospitali ya nyumba ile ilikuwa imeegemea mshahara wa posta. Lakini mwaka huu mambo yalianza kukaa vizuri. Bwana Gaudry, mchapishaji, alikuwa tayari kutoa kitabu cha hakiki zake za miaka arobaini, kurasa mia nne na kumi na mbili ambazo Sabine alizipiga chapa jioni baada ya kazi. Na Profesa Ravanel wa chuo kikuu kipya alikuwa amemwahidi nafasi ya kufundisha kuanzia Oktoba, mshahara wa kila mwezi, wa kwanza katika maisha ya Fernand. Jumapili ya tarehe kumi na moja Juni sinema moja ya mtaa wa wanafunzi ingemfanyia heshima, yeye achague filamu, na Ravanel akae mstari wa mbele.

"Baba, iondoe tu kitabuni," alisema. "Kurasa mbili. Nani atajua?"

"Gaudry atauliza."

Gaudry aliuliza kweli. Walikutana mkahawani chini ya nyumba, naye, mtu mnene mwenye macho ya kucheka, akaweka kijiko chini.

"Uondoe ile ya kastabini? Una homa? Watu watanunua kitabu kwa ajili ya ile! Mimi mwenyewe niliisoma nikiwa shule, nikaikata, nikaibandika ukutani."

"Sikuiona filamu yote."

Gaudry alimtazama Fernand, kisha Sabine, kisha akapasuka kicheko mpaka mhudumu akageuka. "Ni hilo tu? Mzee, unadhani wenzio wanaziona zote? Kuna mmoja, simtaji, ameandika tamasha zima la filamu la Cannes bila kutoka ufukweni."

"Sizungumzi habari zake."

"Basi kaa kimya. Mimi sijasikia kitu." Akaufunika mkono wa Fernand kwa mkono wake mzito. "Sikiliza. Ravanel ana watu watatu wanaoitaka hiyo nafasi yako, na wote wanamwambia kwamba Castagnac ni mzee wa makopo asiye na shahada. Usiwape kamba ya kukunyonga."

Sabine alitangulia kupanda ngazi. Mlangoni akamgeukia baba yake. "Mwanamke mwenyewe huenda alishakufa."

"Hajafa," alisema Lucette kutoka jikoni. Alikuwa ameshika kitabu cha simu cha posta, kile ambacho Sabine alikileta nyumbani kwa ajili ya kuegemeza redio. "E. Vallon, picha za harusi na vitambulisho, Nevers. Nimempigia. Nimemwambia tunakuja Jumatano."

"Umemwambia nini kingine?" Fernand aliuliza.

"Kwamba filamu yake ipo. Hakujibu. Nikafikiri simu imekatika, kumbe alikuwa pale." Akaweka kitabu chini. "Hilo lingine utalisema wewe."

*

Duka lilikuwa kwenye mtaa wa nyuma, na kengele juu ya mlango. Edmée Vallon alikuwa akimpiga picha mwenye bucha aliyetaka leseni ya lori. Aliwaona, akatikisa kichwa kuonyesha benchi, akaendelea. Alikuwa mwembamba, mwenye nywele nyeupe zilizokatwa fupi kama za mwanamume.

"Inua kidevu. Si hivyo, unafanana na mtu anayetafuta nzi. Shusha. Sasa geuka kwa dirisha. Zaidi. Hapo."

"Bi Edmée, ni leseni tu," mwenye bucha alilalamika.

"Sura yako ni hiyo moja. Tulia."

Fernand na Lucette walisubiri robo saa. Mwenye bucha alipotoka, Edmée aligeuza kibao mlangoni, akavuta kiti, akakaa mbele yao bila kuwapa mkono.

"Iko hali gani?"

"Sehemu zote sita," alisema Lucette. "Ya pili ina mchubuko, na ya tatu ilikuwa imekatika mahali kumi na moja. Nimeziunga. Rafiki yetu wa maabara anatutengenezea nakala mpya, Jumamosi zake za mapumziko."

"Kumi na moja." Edmée aliitazama mikono ya Lucette. "Asante, mama."

Kisha akamgeukia Fernand. "Na wewe ndiye Castagnac. Nilidhani u mrefu."

"Wengi hudhani hivyo."

"Nilikuwa na miaka ishirini na saba. Unajua ni nani waliniambia nisiwajali wahakiki? Wote. Nikawaambia, wengine siwajali, lakini huyu ana jicho. Huyu nilikuwa namsoma tangu nikiwa mwanafunzi. Akisema haina mwisho, haina." Sauti yake ilikuwa tulivu, kama mtu anayesoma risiti. "Basi nikaukata upya. Kichwani, maana filamu yenyewe walishaiyeyusha. Kila nikienda kulala naukata upya ule mwisho. Nimejaribu bila zile kastabini. Nimejaribu kuanza nazo. Nimejaribu wapige kelele, wavunje mashine. Miaka thelathini na mitatu, bwana. Sijapata ule ambao ungekuridhisha."

Fernand alikuwa amejitayarisha kwa hasira, hata kwa kutemewa mate. Hakuwa amejitayarisha kwa hili. Alivua kofia yake, ingawa alikuwa amekwisha kaa muda mrefu nayo kichwani.

"Bi Vallon, sikuuona mwisho wako. Nilitoka baada ya sehemu ya nne."

Mtaani gari lilipita, vioo vya picha za maharusi vikatetemeka dirishani.

"Sema tena."

"Nilitoka. Sikurudi. Niliandika kuhusu mwisho ambao sikuuona. Nimeuona mwezi uliopita, jikoni kwangu."

Edmée aliinuka, akaingia nyuma ya pazia jeusi la chumba cha kusafishia picha. Wakasikia maji yakifunguliwa, yakaendelea kumwagika. Lucette alitaka kumfuata, Fernand akamshika mkono. Alipotoka, uso ulikuwa na maji na hakuwa ameufuta.

"Ulikwenda wapi?"

Fernand alifungua mdomo. Lucette alimtangulia. "Stesheni. Kunipokea mimi."

Edmée alimtazama Lucette na begi lake la kitambaa magotini. "Angalau alikuja kwa wakati?"

"Alikuja kabla."

"Ondokeni," alisema Edmée, si kwa ukali. "Treni ya saa kumi bado mnaiwahi. Tarehe ya onyesho mniandikie. Sijasema nitakuja."

*

Tarehe kumi na moja Juni ilikuwa na jua. Watu walipanga foleni mpaka kona ya mtaa, viti mia mbili vikajaa, wengine wakakaa ngazini. Profesa Ravanel alikuwa mstari wa mbele na tai ya hariri. Gaudry alikuwa kando yake, akimwonyesha Fernand kidole gumba. Sabine alikaa karibu na mlango, amekunja mikono. Mpaka taa zilipopunguzwa hakuna aliyemwona Bi Vallon.

Ravanel alitoa hotuba ya dakika kumi, nzuri, na kila alilosema lilikuwa kweli: makopo yaliyofichwa chini ya makaa ya mawe Wajerumani walipoikalia Ufaransa, safari za treni, filamu zilizorudi. "Tunachokijua juu ya sinema yetu," alisema, "nusu yake imepita jikoni kwa mtu huyu." Watu walipiga makofi, wakasimama. Fernand alipanda jukwaani na karatasi moja ya manjano.

"Kabla ya filamu," alisema, "nitawasomea hakiki."

Minong'ono ya furaha. Wote walidhani wanajua. Alianza kusoma, na kulikuwa na watu waliosoma pamoja naye kwa midomo, wakicheka mahali walipozoea kucheka. Alipofika kwenye kastabini ukumbi mzima ulimsaidia, kama wimbo. Fernand alingoja wanyamaze.

"Filamu hii ina sehemu sita. Niliyeandika haya niliona nne, nikaondoka. Sikuwa mgonjwa, wala sikuitwa. Nilikuwa na pa kwenda, nikaona nimeshaona vya kutosha. Filamu ilikaa sinema siku nne. Aliyeitengeneza hakupewa nyingine. Makala imenilisha mpaka leo. Ninyi mmenipigia makofi kwa miaka yote kwa jicho langu. Kwa filamu hii jicho langu lilikuwa nje, barabarani. Sasa tuione mpaka mwisho. Mimi pia nitakaa."

Hakuna aliyepiga makofi. Mtu mmoja nyuma alisema kwa sauti, "Na nyingine ngapi?" na wengine wakacheka, kicheko kibaya. Fernand alisikia. Alisimama pale pale kwenye mwanga.

"Nimejiuliza hilo kabla yako. Nimepitia daftari zangu zote tangu Machi. Ni hii tu. Lakini huna sababu ya kuniamini, na kosa la hilo ni langu."

Akashuka, akakaa karibu na Lucette. Ravanel alitazama mbele, shingo imekakamaa. Gaudry alikuwa amefunika uso kwa kiganja. Kule mlangoni Sabine aliacha kukunja mikono. Alikuwa na hasira nyingi, na katikati ya ile hasira alijikuta amesimama, peke yake katika watu mia mbili, hajui amesimama kufanya nini. Taa zikazimwa akiwa bado wima.

Filamu ikaanza. Sehemu ya kwanza walikuwa bado wakikohoa. Ya pili wakatulia. Washonaji walishona, walisutana, walihesabu siku. Ya tatu, yule mwenye skafu alipoficha glavu yenye kasoro ndani ya nguo yake ili mwenzake asikatwe mshahara, mtu alipiga mluzi wa kumsifu. Ya nne, uani, mwajiri haji. Watu walianza kusogea vitini. Ya tano wanawake wanarudi kwao mikono mitupu, mmoja mmoja, na kila mmoja anaandaa meza kana kwamba kuna chakula. Ya sita ni Jumatatu. Wameketi mbele ya mashine, hawashoni. Kamera inapita juu ya mikono yao iliyotulia, mkono baada ya mkono. Kisha mmoja anavua kastabini, anaiweka mezani. Tok. Wa pili. Tok. Hakuna muziki. Kastabini ishirini zinawekwa mezani, na ya mwisho inapowekwa picha inakuwa nyeusi.

Gizani watu wakasikia mashine ikizungusha mkanda mtupu. Ndipo makofi yalipoanza, si ya Fernand tena, na watu wakageuka, kwa sababu kwenye mstari wa nyuma kabisa mwanamke mwenye nywele nyeupe fupi alikuwa anajaribu kutoka na mlango ulikuwa umezibwa na watu wa ngazini.

*

Kazi ya chuo ilikwenda kwa mtu mwingine. Barua ilikuja Julai, ya adabu sana. Siku ile ya Juni, Ravanel aliondoka baada ya kumpa Fernand vidole viwili vya kuaga. Kitabu kilitoka, maana Gaudry alipiga makelele wiki mbili kisha akatulia. Hakiki ya kastabini imo, na ukurasa unaofuata kuna nyingine ya filamu ile ile, kila moja na tarehe yake. Kimeuzwa polepole. Sabine aliendelea kuuza stempu na kulipia bima, na mtu aliyemtania baba yake mbele yake alifanya hivyo mara moja tu. Na vyama vya sinema viliendelea kupiga simu kuomba filamu, kama zamani, hata zaidi.

Lakini hayo yalikuwa bado. Jumapili ile, saa kumi na moja, watu wanne waliketi kwenye mkahawa mkabala na sinema: Fernand, Lucette, Sabine na Edmée, ambaye alikuwa amekwisha kuulizwa na wanafunzi kama atatengeneza nyingine, akawajibu kwamba duka linafunguliwa kesho saa tatu. Alikunywa bia nusu bila kumtazama Fernand. Watu walipita wakimshika bega, wakimwita msanii mkubwa, wakisema kazi bora, ajabu. Alichoka upesi.

"Wote wanaisifu," alisema. "Wanasifu kwa sababu wanaona haya kwa ajili yako wewe. Hebu wewe uniambie. Si kwa kuomba radhi. Kama mhakiki."

"Bi Vallon, sina haki..."

"Unalo deni langu la hakiki moja. Nilipe."

Sabine alimkanyaga baba yake chini ya meza. Fernand alivua miwani, akaifuta, akaivaa.

"Sehemu ya sita ni miongoni mwa vitu bora kabisa nilivyoona katika maisha yangu. Ya tano haina la kuongeza. Ya nne ni ndefu."

"Baba!" alisema Sabine.

Edmée aliweka glasi chini. Kwa mara ya kwanza tangu Nevers alimtazama machoni, na macho yalikuwa na uhai wa mtu wa miaka ishirini na saba.

"Si ndefu."

"Ni ndefu."

"Ni kusubiri! Wanasubiri mshahara, unataka wasubiri kwa haraka?"

"Wao wasubiri. Mimi nisilazimike kusubiri pamoja nao. Nilikwishaelewa, na wewe bado unanielewesha."

"Ndiyo maana ulitoka!"

"Sikutoka kwa hilo. Nilitoka kwa ujeuri. Lakini ni ndefu."

Meza za jirani zilinyamaza kuwasikiliza. Edmée alikuwa mwekundu mashavuni. Akamgeukia Lucette kwa ghafla.

"Mama, wewe umeipitisha yote vidoleni. Hawa wanaume wana maneno. Wewe unasemaje?"

Lucette hakuwahi kuulizwa swali hilo na mtu yeyote wa sinema. Alifikiri, akizungusha kikombe chake.

"Mezani kwangu ilikuwa picha tu, moja moja. Leo ndiyo mara ya kwanza nimeiona inakwenda. Ya tatu nililia. Ya nne..." Alisita. "Ya nne, kuna mahali nilianza kuwaza kama nimefunga gesi."

Fernand alitazama meza. Sabine aliziba mdomo. Edmée Vallon hakucheka wala hakukasirika. Alisogeza glasi zote pembeni, akatoa kalamu kwenye mkoba wake, akachora mistari sita, kila mmoja sehemu moja ya filamu, kwenye karatasi iliyotandikwa mezani, kisha akavuta kiti chake mpaka kikagusana na cha Lucette.

"Nionyeshe ulipoanza kuwaza gesi," alisema. "Baada ya mlango wa ua kufungwa, au kabla? Kumbuka vizuri. Ni picha ipi hasa?"